Maswali ya pumu: pampu ya bluu inafungua kifua, uvimbe unabaki

Maswali ya pumu yamejaa mezani, na zaidi ya nusu yake ni swali moja limevaa nguo tofauti. Nimeyachagua haya. Kama lako halimo, soma la kwanza na la pili kwa makini, huenda jibu lako limo humo.

Shikamoo daktari. Nilipewa pampu ya steroidi. Juzi usiku nilibanwa, nikavuta mara tano, sikupata nafuu yoyote. Au ni dawa feki?

Marahaba. Sioni sababu ya kusema ni feki. Umeipa kazi isiyo yake. Kifua cha mwenye pumu kina mambo mawili. La kwanza ni misuli inayozunguka njia za hewa, ambayo hujikaza. Salbutamoli, ile pampu ya bluu mnayoijua wote, huilegeza ndani ya dakika chache, na nafuu yake hudumu saa 4 hadi 6. La pili ni uvimbe. Utando wa ndani ya njia za hewa umevimba, unatoa ute mzito na unachokozeka upesi kwa vumbi, moshi, baridi au mafua. Uvimbe huo ndio ugonjwa wenyewe, na upo hata siku unapanda ngazi bila kuhema.

Steroidi ya kuvuta, iwe beklometasoni, budesonidi au flutikasoni, kazi yake ni kutuliza uvimbe huo, nayo huufanyia kazi polepole. Hupita siku kadhaa kabla hujaona tofauti, na wiki kadhaa kabla hujapata faida yake kamili. Ukiikumbuka saa nane za usiku umeshachelewa. Ivute kama ulivyoandikiwa, na usiiruke hasa zile siku unazojiona mzima.

Mimi natumia ya bluu tu, mwaka wa kumi sasa. Namaliza moja kila mwezi na niko sawa. Ya nini kubebeshwa dawa nyingine?

Kaka yangu, hauko sawa. Pampu ya salbutamoli kwa kawaida ina mivuto 200. Kuimaliza kwa mwezi ni zaidi ya mivuto sita kila siku. Kifua kinachohitaji kufunguliwa mara sita kwa siku ni kifua kinachowaka ndani, nawe umezoea tu kuishi nacho.

Mwaka 2014 Uingereza ilichapisha uchunguzi wa vifo 195 vya pumu. Miongoni mwa marehemu waliokuwa wakitumia pampu ya kufungua kifua haraka, kama hiyo ya bluu, na ambao idadi ya pampu zao ilijulikana, asilimia 39 walikuwa wameandikiwa zaidi ya 12 katika mwaka wao wa mwisho. Hesabu zako wewe. Hata pampu tatu kwa mwaka tayari ni dalili kwamba pumu haijashikwa vizuri. Tangu 2019 mwongozo wa kimataifa wa pumu, GINA, hautaki tena mtu mzima wala kijana wa miaka 12 na zaidi atibiwe kwa salbutamoli peke yake. Nimeshaandika hivi mara nyingi na nitaandika tena, kwa sababu wanaofariki wakiwa na ya bluu mkononi ni watu ambao wangeweza kuwa nasi leo.

Nikianza kubanwa, niongeze steroidi ya kuvuta mara mbili?

Hili ndilo swali ninalopenda niulizwe, maana ushauri wa kuzidisha mara mbili ulitolewa kwa miaka mingi, na bado upo midomoni mwa wengi. Ulipopimwa kwa majaribio yaliyochapishwa 2004, haukuzuia pumu kupamba moto. Mwaka 2018 zilitoka tafiti mbili nyingine. Kwa watu wazima na vijana, kuzidisha mara nne mapema, dalili zinapoanza tu, kulipunguza mashambulizi makali kwa kiasi fulani. Kwa watoto wa miaka 5 hadi 11, kuzidisha mara tano hakukusaidia, na kulionyesha dalili za kupunguza kasi ya kukua. Kwa hiyo mtoto usimzidishie kwa kubahatisha. Mtu mzima, fanya hivyo pale tu daktari wako alipokuandikia mpango huo kwenye karatasi, wenye idadi ya mivuto na idadi ya siku.

Kuna njia ninayoiona bora zaidi: pampu moja yenye budesonidi na formoteroli pamoja. Formoteroli hufungua kifua haraka karibu sawa na salbutamoli, hivyo kila unapotafuta nafuu unavuta na kinga yako humo humo. Kwa pampu ya nguvu ya 200/6, yaani maikrogramu 200 za budesonidi na 6 za formoteroli kwa kila mvuto, mtu mzima asizidishe mivuto 12 kwa siku moja, na akiikaribia idadi hiyo amwone daktari siku hiyo hiyo. Na sikilizeni vizuri: hii si ruhusa kwa kila pampu ya mchanganyiko. Yenye salmeteroli huchelewa kufungua kifua, haifai kutumika wakati wa kubanwa. Soma jina la dawa. Rangi ya kopo hubadilika kutoka kiwanda hadi kiwanda.

Nimesikia steroidi zinamfanya mtoto awe mfupi. Mwanangu ana miaka saba, nimezificha.

Mama, zitoe. Watoto waliotumia budesonidi ya kuvuta kila siku kwa miaka kadhaa walifuatiliwa mpaka utu uzima, wakaonekana kuwa wafupi kwa wastani wa sentimita 1.2 kuliko wenzao ambao hawakuitumia. Sentimita moja na kitu, kwa maisha yote. Weka upande wa pili wa mizani mtoto asiyelala usiku, asiyecheza na wenzake, anayekimbizwa hospitali kila msimu wa mafua na kupewa vidonge vya prednisoloni, steroidi ya kumeza, mara kwa mara. Vidonge hivyo hupita mwili mzima, na kozi zake zikirudiwa ndizo za kuogopa. Ya kuvuta huenda moja kwa moja kifuani, tena kwa vipimo vya maikrogramu. Omba kipimo kidogo kinachotosha, na urefu wake upimwe kila mwaka.

Nimepata utando mweupe ulimini na sauti imekauka.

Ni fangasi wa mdomoni. Wanatibika. Ukishavuta, sukutua kwa maji mpaka kooni, uteme. Usimeze. Tumia spesa, lile kopo la plastiki linalochomekwa kwenye pampu ili uvutie dawa humo.

Nina ujauzito wa miezi minne, nimeacha dawa zote nimlinde mtoto.

Dada, rudi kwenye steroidi yako ya kuvuta leo, halafu kamwone daktari. Mtoto anapumua kupitia kwako. Pumu iliyoachiwa huongeza hatari ya kujifungua kabla ya wakati, ya mtoto kuzaliwa na uzito mdogo na ya shinikizo la damu la ujauzito. Budesonidi ni miongoni mwa dawa zilizochunguzwa sana kwa wajawazito, na matokeo yake ni ya kutuliza moyo.

Naitumbukiza pampu kwenye maji nijue kama imeisha. Ikielea, naitupa.

Acha. Kipimo hicho hakiaminiki, na maji huharibu kopo. Angalia kihesabio. Kama hakipo, andika tarehe uliyoanza na upige hesabu.

Nimevuta kila siku kwa miezi miwili, sioni mabadiliko.

Kabla ya kubadilishiwa dawa, vuta mbele ya mtu anayejua. Kijana mmoja alikuja kwangu na lalamiko hili hili, tayari ameandikiwa dawa kali zaidi. Nikamwomba anionyeshe. Akafungua kifuniko, hakutikisa, akabonyeza kwanza ndipo akaanza kuvuta. Wingu jeupe likatoka pembeni mwa midomo na jingine puani. Miezi miwili dawa yote ilikuwa ikiishia hewani! Hakuhitaji dawa kali.

Pampu ya mvuke: tikisa, toa pumzi yote, banisha midomo, anza kuvuta taratibu huku ukibonyeza, endelea mpaka kifua kijae, shikilia hadi kuhesabu kumi. Ya unga ni kinyume: huitikisi, na unavuta kwa nguvu na kwa haraka tangu mwanzo. Asiyepata spesa atumie chupa ya plastiki ya nusu lita. Toboa kitako chake kwa umbo la mdomo wa pampu, ziba ukingo usipitishe hewa, kisha vutia kwenye mdomo wa chupa. Utafiti uliochapishwa 1999 kwenye jarida la Lancet ulionyesha kwamba chupa ya namna hiyo iliwasaidia watoto sawa na spesa ya kununua.

Miezi mitatu sijabanwa. Nimeacha steroidi.

Hujabanwa kwa sababu ulikuwa unaivuta. Miezi mitatu ya utulivu ni wakati wa kwenda kupunguziwa kipimo, robo au nusu, kisha kusubiri miezi mingine mitatu. Utafiti wa Kanada uliochapishwa 2000 ulikuta hatari ya kifo ikipanda katika miezi mitatu ya kwanza baada ya watu kuacha.

Nijuaje kwamba nimebanwa kiasi cha kwenda hospitali?

Ukishindwa kumaliza sentensi kwa pumzi moja. Midomo ikibadilika rangi. Ukisinzia au kuchanganyikiwa. Mluzi wa kifuani ukinyamaza ghafla huku bado unahangaika kuvuta hewa, maana hapo hewa haipiti kabisa. Au nafuu ya pampu ikikatika kabla hazijapita saa tatu au nne. Mojawapo tu linatosha: ondoka. Njiani vuta salbutamoli kupitia spesa, mvuto mmoja mmoja, minne hadi kumi, na urudie kila baada ya dakika 20 katika saa ya kwanza. Kaa wima, usilale. Ukifika, waambie umeshavuta mingapi na uliacha lini steroidi yako, hata kama unaona aibu. Prednisoloni watakayokupa huchukua saa kama nne kuanza kufanya kazi, kwa hiyo usisubiri kupambazuke.