Re: Pikapu inavuma nyuma, ni beringi ama taya?
Ndugu, kama hiyo sauti inapanda na spidi na inabadilika ukikata kona, hiyo ni beringi, kile chuma cha mviringo kinachofanya gurudumu lizunguke laini. Piga jeki, weka stendi, zungusha gurudumu na mkono, ukisikia linakwaruza basi ni yenyewe. Sasa kwa Hilux yako beringi imekazwa kwa ekseli yenyewe (ile fimbo ya chuma inayozungusha gurudumu), usikubali kabisa fundi aigonge na nyundo, mimi nilifanyiwa hivyo hapa Kisumu na haikumaliza miezi miwili, toa ekseli upeleke kwa wenye presi, ile mashine ya kukandamiza. Nunua pia oili sili (ya kuzuia oili isivuje) na ile ringi ya kushikilia beringi, ya zamani hairudishwi. Na tafadhali angalia breki, kama oili ya difu (gia za ekseli ya nyuma) imelowesha shuu za breki, zile zinazobana ndani ya gurudumu, badilisha za pande zote mbili, hizo ndizo zitakusimamisha ukiteremka Nandi Hills na mzigo.