Flashi ya franka 500 na filamu ya jirani

SWALI: Mama, shikamoo. Nina kibanda karibu na soko la Kenya, hapa Lubumbashi. Nawajazia watu filamu kwenye flashi, franka 500 kila moja. Nyingi nazitoa kwenye intaneti, za Marekani na za Nigeria. Juzi kijana wa mtaani kwetu alitoa filamu yake. Mteja akaniletea nakala, nami nikaanza kuiuza. Sasa yule kijana hanisalimii. Mbona Wamarekani hawajanilalamikia hata siku moja?
Muuza flashi, Katuba

JIBU: Marahaba mwanangu. Wamarekani wamelalamika sana, ila si kibandani kwako. Mwaka 2009 wenye Pirate Bay, tovuti ya kugawana filamu bila idhini, walihukumiwa kifungo huko Stockholm, na Januari 2012 Megaupload, tovuti nyingine ya namna hiyo, ikafungwa. Mwaka 2014 watafiti wa Chuo Kikuu cha Carnegie Mellon walionyesha kwamba filamu ikivuja kabla ya kutoka, mapato yake kwenye kumbi za sinema hupungua kwa asilimia 19 hivi kuliko ikivuja baadaye.

Lakini studio kubwa ikipoteza hapo, bado ina televisheni, majukwaa ya kulipia na nchi chungu nzima za kuuzia. Kijana wa Katuba ana nini? Siku moja ya kuonyesha ukumbini, kisha flashi, basi. Mimi nimefanya montaji, yaani kukata na kuunganisha picha, ya filamu za namna hiyo, nazijua hesabu zake: kamera ya kukodi, mafuta ya jenereta, teksi za waigizaji, na sufuria la bukari (ugali) la kuwalisha, maana wengi hawalipwi kingine. (Sauti ndiyo haitengewi pesa kabisa, na inasikika!) Fedha hizo zilitakiwa zirudi wiki za kwanza, na wiki hizo umeziuza wewe.

Usidhani nahalalisha za kigeni. Sheria yetu ya tarehe 5 Aprili 1986 juu ya haki za watunzi inalinda filamu, iwe ya Los Angeles au ya Katuba. Nasema tu uanze na jirani.

Tafuta mzee mnayemheshimu wote wawili, mwende naye. Peleka sehemu ya ulichouza. Kisha mwombe nakala safi, uiuze franka 1,000, yake 600, zako 400, na muandikiane karatasi. Mtaani hakuna ukumbi wa sinema. Kibanda chako ndicho kinachofikisha filamu kwa watu, na yeye anakihitaji.

Jambo moja zaidi: nakala ile ilitoka wapi kabla ya kumfikia mteja? Mara nyingi ya kwanza hutoka kwa mtu wa ndani, aliyepewa "aiangalie tu". Kumbi za sinema za ng'ambo hutia alama isiyoonekana kwenye picha, inayotaja ukumbi na saa. Kijana wako anaweza kuandika pembeni ya picha jina la kila anayempa nakala. Mteja wako usimtaje kwanza. Pengine naye aliinunua.