Sasisha Programu Kabla Hujaihukumu Kompyuta ya Gari

Fundi mmoja kijana ameniandikia akiuliza kama kulipia masasisho ya programu ya kupimia magari si kutupa hela. "Kaka, mbona yangu inasoma vizuri tu?" Maneno hayohayo niliambiwa na mafundi wenzangu, tena kwa kicheko, nilipokata leseni halali huku wao wakipeana nakala za wizi. Sijasahau.

Sasa sikia la juzi. Limeletwa gari lililokwishazungushwa gereji kadhaa. Gia zinagoma kubadilika, taa ya injini inawaka na kuzima. Wote walisoma msimbo wa hitilafu U0101, yaani mawasiliano na kompyuta ya giaboksi yamepotea. Mashine zao zikaitafuta kompyuta hiyo, hazikuiona, wakasema imekufa, na mwenye gari akaambiwa anunue nyingine. Programu yangu ina toleo hilo la gari kwenye orodha yake. Ikaiona, ikasoma data zake moja kwa moja: umeme unaoifikia ulikuwa unashuka kila injini ikitikisika. Nikaufuata waya wa hasi mpaka unapofungwa kwenye bodi ya gari. Bolti imelegea, ina kutu. Nikapiga msasa, nikakaza, gari likaondoka. Waliokuwa wakinicheka wakapiga simu kuuliza nimefanyaje!

Jibu langu: nimesasisha, basi. Misimbo inayoanza na P0 ni ya magari yote, ndiyo maana hata kifaa cha bei chee huisoma kwenye lile tundu la pini 16 la kuchomekea mashine ya kupimia, ambalo Marekani ililazimisha magari madogo kuwa nalo tangu modeli za 1996. Ukitoka kwenye injini ukaingia kwenye giaboksi, breki na mifuko ya hewa, kila kampuni ina utaratibu wake, na programu ya zamani haiujui. Haitakwambia haiujui. Itakuonyesha kimya, na wewe utakiita kimya hicho ubovu. Fundi anayetoza watu pesa hana haki ya kubahatisha kwa mfuko wa mteja.

Kwa hiyo sasisha. Fanya hivyo mashine ikiwa haijachomekwa kwenye gari, chaji imejaa, ripoti za zamani umezihifadhi. Usichanganye kazi hii na kuandika upya programu ya kompyuta ya gari yenyewe. Umeme ukiyumba katikati ya kazi hiyo, kompyuta inaweza isiwake tena, kwa hiyo betri ya gari lazima ishikiliwe na chaja maalumu. Na usifute misimbo kabla ya kuhifadhi data za wakati hitilafu ilipotokea, kama joto la injini na mwendo. Halafu sasisha tena toleo jipya likitoka.

Kuhusu mashine yako, kijana: angalia kwanza kama kifaa chenyewe kinakubali CAN FD, mfumo wa mawasiliano wa magari mengi mapya. Kama hakikubali, sasisho peke yake halitakifikisha huko. Utahitaji adapta yake, au kifaa kingine.