Burke, Paine na Vyeo vya Kurithi

Swali: Ndugu Mhariri, kwa nini Edmund Burke, mbunge wa Uingereza aliyewatetea Wamarekani bungeni, aliwatetea makabaila wa Ufaransa mwaka 1790, wakati wa Mapinduzi ya Ufaransa?

Jibu: Ndugu msomaji, Burke hakujiona kigeugeu. Kwake, haki za Wamarekani, kama vilivyo vyeo vya ukoo, zilikuwa amana iliyopokewa kutoka kwa mababu, na tabaka la makabaila alilifananisha na kichwa cha nguzo kilichonakshiwa, pambo la jamii iliyostaarabika. Thomas Paine, mwandishi Mwingereza aliyeunga mkono mapinduzi hayo, alimjibu mwaka 1791 kwamba mtunga sheria wa kurithi ni upuuzi sawa na mwanahisabati wa kurithi. Hoja hiyo, naamini kwa dhati, haijapanguliwa hadi leo. Serikali ya Uingereza ilikimbilia mahakama: Desemba 1792 Paine alitiwa hatiani London kwa uchochezi kupitia maandishi yake, ilhali mwenyewe yuko Paris, mbunge wa Pas-de-Calais, jimbo la Ufaransa.