Miezi Miwili Mbele ya Jua: Tukio la Vizazi Kumi Linahesabiwaje?

SWALI: Mwalimu, shikamoo. Ninaandika riwaya ya dunia ya kubuni yenye miezi miwili. Mmoja huzunguka kwa siku 29, wa pili kwa siku 31. Mara moja katika vizazi kumi yote miwili hulifunika jua kwa pamoja, na katika giza hilo uchawi wa kale huamka. Usiku wa kuamkia tukio, shujaa wangu anapanda mlima huku miezi yote miwili ikiwa mipevu juu yake. Je, hesabu hizi zinawezekana? Na makuhani wangeweza kuijua siku hiyo mapema bila darubini? – Msomaji, Tanga

JIBU: Marahaba, mwanangu. Uchawi ni wako, siugusi. Nitashika anga tu.

Nianze na mlima, maana hapo ndipo msomaji makini atakapokukamata. Jua hupatwa mwezi unapopita kati yake na dunia, na wakati huo upande wa mwezi unaoangazwa umetupa mgongo. Wanaosubiri mwandamo wa Ramadhani wanazijua siku hizo: mwezi umefichika, bado haujaandama. Mwezi mpevu uko upande wa pili kabisa wa anga. Kwa hiyo shujaa wako atapanda katika giza totoro. Siku mbili kabla, alfajiri, mwonyeshe hilali nyembamba mashariki, na juu yake mwezi wa pili ukiwa mnene kidogo. Halafu usiku mmoja yote miwili haipo. Kwangu mimi hilo linatisha kuliko mbalamwezi.

Sasa hesabu. Siku 29 na 31 zimekaribiana mno. Miezi mikubwa yenye njia zinazopakana hivyo ingevutana mpaka igongane au mmoja utupwe mbali. Uache wa siku 29, na huo mwingine uusogeze ndani uzunguke kwa siku 11. Hapo utakuwa kwenye zaidi kidogo ya nusu ya umbali wa mwenzake, na ukiupa upana wa nusu hivi, machoni pa watu itaonekana saizi moja. Kwetu bahati kama hiyo ipo tayari: jua ni pana kuliko mwezi mara 400 hivi, na liko mbali zaidi mara 400 hivi, ndiyo maana mwezi hulifunika karibu sawasawa.

Zidisha 11 kwa 29 upate 319. Kila baada ya siku 319 miezi yote miwili itafichika siku moja. Hilo si jambo adimu hata kidogo. Uadimu unatokana na mwinamo. Njia ya mwezi wetu imeinama digrii 5 hivi, na ndiyo sababu jua halipatwi kila mwezi. Mara nyingi kivuli hupita juu au chini ya dunia. Ni karibu mara moja kati ya tano tu ambapo kivuli kinatugusa. Mwezi wako wa ndani uinamishe zaidi, digrii 8 hivi, upate kiasi kilekile. Mara moja kati ya tano kwa huu, na vivyo hivyo kwa ule, ni mara moja kati ya 25. Siku 319 mara 25 ni karibu miaka 22.

Lakini hiyo ni siku moja, si saa moja. Mwezi mmoja unaweza kulipata jua asubuhi na mwingine alasiri. Ukitaka yote ikutane ndani ya saa mbili, zidisha tena kwa 12: miaka 260 hivi, kwa wastani. Vizazi kumi vyako hivyo hapo. Na kile kivuli hakifiki kila mji, kwa hiyo watu watalazimika kusafiri kukifuata.

Makuhani wanaweza, ila si kwa kizazi kimoja. Wababeli waligundua kwamba kupatwa hujirudia kwa mzunguko wa miaka 18, siku 11 na saa 8 kwa kuandika tu walichokiona, vizazi kwa vizazi. Zile saa 8 ndizo tatizo: dunia imeshageuka theluthi moja, kupatwa kunaangukia nchi nyingine. Kuhani wako bora ni mtunza kumbukumbu mvumilivu anayepokea barua kutoka mbali.

Kuna jambo hukuliuliza, nalo ndilo ningeliandika kwanza: bahari. Wavuvi wa kwenu wanalijua bamvua, maji yanapojaa na kukupwa sana mwezi ukiwa mwandamo au mpevu, kwa sababu jua na mwezi vinavuta katika mstari mmoja. Miezi yako, ikiwa ya mwamba wa aina moja na inaonekana saizi moja, inavuta bahari kwa nguvu sawa, ingawa mmoja ni mdogo. Basi ikipangana pamoja na jua, bamvua litakuwa kubwa mno. Siku hiyo bahari itakupwa mpaka miamba isiyowahi kuonwa na mtu aliye hai ibaki wazi, kisha maji yatarudi hadi milangoni. Wa pwani watajua kabla ya makuhani.

Jambo la mwisho, kwa ajili ya tukio lenyewe. Tarehe 1 Septemba 2016 nilikuwa Rujewa, Mbeya, jua lilipopatwa likabaki pete kwa kama dakika tatu. Nilipotazama chini ya mti, kila tone la mwanga lililopenya kwenye majani lilikuwa pete ndogo juu ya vumbi, mamia kwa mamia. Shujaa wako naye asitazame juu. Atazame ardhini, aone vijua vidogo vimemegwa mara mbili, na mmego wa mwezi wa ndani ukikimbia kuufikia ule mwingine.