Kwa mnaoanza kuandika draiva: kwa nini mashine mbili

Wadogo zangu, mnanung'unika nikiwaambia muunganishe mashine mbili kabla ya kuandika hata mstari mmoja wa draiva (programu inayoendesha kifaa ndani ya Windows): moja ya kugandishwa, nyingine ya kuichunguza. Lawama mpelekeeni SoftICE.

Hiyo ilikuwa dibaga (chombo cha kusaka makosa ya programu) ya kulipia ya kampuni ya Marekani, NuMega, tangu enzi za DOS, mfumo wa kabla ya Windows, 1987. Ilikaa chini ya Windows yenyewe. Ukibonyeza Ctrl na D, kila kitu kinaganda, hata saa ya Windows, kisha dirisha la herufi tupu linakuonyesha rejista, kumbukumbu na maagizo ya prosesa. Kompyuta moja ilitosha, na sisi hapa Kampala, kompyuta ya pili tungeitoa wapi? (Tusidanganyane, sifa yake kubwa ilitoka kwa wavunja kufuli za programu. Programu nyingine zikiinusa tu, zinakataa kufunguka.)

Utamu huohuo ndio ulioiua. Kwa kuwa ilichora skrini na kusoma kibodi yenyewe, ilibidi ifukuzane na kila kadi mpya ya video na kila toleo la Windows. Compuware, walioinunua NuMega 1997, waliacha kuiuza 2006. Kufikia hapo WinDbg, dibaga ya Microsoft inayochunguza kerneli kutoka kompyuta ya pili, ilikuwa ya bure, mashine pepe (kompyuta za kuigiza kwa programu) zilikuwa zimeiingiza kompyuta ya pili ndani ya ya kwanza, na Windows ya biti 64 ilikuwa haikubali tena kerneli yake, yaani kiini cha mfumo, kubandikwa viraka na mgeni, kama SoftICE ilivyofanya.

Mimi nilichelewa kuhama. Vitufe nilivijua kwa vidole, lakini kusoma steki, orodha ya funksheni gani imeita ipi, sikujua. Mteja alipoleta mizani ya kahawa yenye kompyuta ya biti 64, nilikaa kama mwanafunzi wa siku ya kwanza.

Kwa hiyo wekeni WinDbg kwenye kompyuta yenu, na Windows ya majaribio ndani ya mashine pepe. Huko ndani washeni uchunguzi kwa amri `bcdedit /debug on`, na mhifadhi hali ya mashine kabla ya kupakia draiva. Faili za simboli, zinazogeuza anwani za kumbukumbu kuwa majina, ni nzito, zinamaliza bando: mmoja azipakue kwenye folda, wengine mnakili kwa flashi, mradi toleo la Windows ni lilelile. Windows ikianguka na skrini ya bluu ikija, amri ya WinDbg `!analyze -v` itawatajia draiva moja. Msiikamate bado. Andikeni `k`, msome steki kutoka chini kwenda juu, mtafute nani aliiita.