Jibu: Shooting Stars ni shindano kweli?

Mkuu, umeuliza kama kipindi cha TV cha Shooting Stars ni shindano kweli, maana pale mnapotazamia, mtaani Mwanga, mlihesabu pointi zake hadi mkagombana. Ungejua, msingehesabu. Kile kilikuwa kichekesho cha BBC kilichoyabeza mashindano ya maswali ya mastaa, na kilikoma 2011. Wachekeshaji wa Uingereza Vic Reeves na Bob Mortimer walikianza kwa onyesho la majaribio mwaka 1993, mfululizo ukafuata 1995.

Umbo la shindano lipo lote: timu mbili, manahodha, pointi. Kilichotolewa ni akili ya maswali. Vic aliimba kwa kumung'unya maneno, mgeni atambue wimbo! Aliyetunza alama kwa muda mrefu ni mchekeshaji Matt Lucas, jitu zima ndani ya nguo za kitoto, nyuma ya ngoma. Utani unakaa usoni: mwulizaji hacheki, anakosoa jibu kwa ukali wa msimamizi wa mtihani, na staa anabaki anatoa macho. Mimi huyo staa ndiye ananifurahisha kuliko wote.

Mkitaka kuigiza huko Ujiji, ulizeni kuhusu samaki wenu: "Kweli au si kweli, mgebuka hudharau dagaa?" Atakayejibu "kweli", mnyang'anyeni pointi. Atakayejibu "si kweli", naye vilevile. Mwulizaji akicheka tu, imeharibika.